Haradali nzima: shajara ya mradi wa bustanini na jikoni

Machi, mwanzoni

Mradi ni huu: kupanda haradali kwenye kipande kidogo cha bustani na kuila yote. Chipukizi, jani, kikonyo cha ua, ganda bichi, na mwisho punje iliyokauka. Wengi wetu tunaijua kwa sura moja tu, ile rojo ya chupani, na hata ile rangi ya njano iliyokolea mara nyingi ni ya binzari iliyotiwa humo. Mmea wenyewe hatuujui. Nataka kuujua kwa kuupika.

Mbegu nilizonazo ni za aina mbili. Ya kwanza ni haradali ya kahawia, Brassica juncea, punje ndogo mno: ukizihesabu elfu moja na kuzipima hupati zaidi ya gramu 3 hivi. Ya pili ni haradali nyeupe, Sinapis alba, ambayo kwa macho ni ya njano hafifu, na punje zake ni nene zaidi ya mara mbili kwa uzito. Ipo na ya tatu, nyeusi, Brassica nigra, iliyotawala zamani. Hiyo sikuihangaikia. Mmea wake hurefuka kumpita mtu, na maganda yakikauka hupasuka yenyewe na kumwaga mbegu chini kabla mashine ya kuvunia haijafika. Ndiyo maana viwanda vikahamia kwenye ya kahawia.

Nasaba yao inavutia. Mwaka 1935 mtaalamu wa mimea Woo Jang-choon, aliyekuwa akifanya kazi Japani, alionyesha kwamba haradali ya kahawia ni mtoto wa ndoa kati ya haradali nyeusi yenye kromosomu 16 na Brassica rapa, ndugu wa shalgamu, yenye 20. Mtoto alichukua zote, 36. Haradali nyeusi hiyo hiyo ikapandana na jamaa wa kabichi na kuzaa haradali ya Ethiopia, ambayo huliwa zaidi majani. Haradali nyeupe yenyewe iko nje ya ukoo huu wa karibu, na tofauti hiyo inasikika mdomoni, kama itakavyoonekana.

Swali ninaloanza nalo: ukali uko wapi hasa, na mpishi anaweza kuutawala kwa kiasi gani katika kila sehemu ya mmea?

Machi, kabla ya kupanda

Nimechota kijiko cha punje za kahawia nikazitwanga kavu kwenye kinu kidogo. Zimetoa unga wa rangi ya vumbi wenye madoa ya maganda, na harufu yake ni hafifu sana, ya mbegu mbichi tu. Mtu asiyejua angesema hiki kiungo kimechacha. Nikauweka kwenye bakuli, nikamimina maji baridi kidogo kidogo mpaka ukawa uji mzito, nikauacha mezani. Mwanzoni ulikuwa uchungu mtupu. Zilipopita dakika tano pua ikaanza kushtuka. Zilipotimia kumi, kuuinamia tu bakuli kulitosha kutoa machozi, na nilipoonja, ukali haukukaa ulimini. Ulipanda puani, ukagonga kati ya macho, ukaondoka.

Kumbe ukali haumo ndani ya punje. Hutengenezwa. Punje imehifadhi vitu viwili mbalimbali: sinigrini, ambayo ni glukosinoleti yenye salfa na isiyochoma, na kimeng'enya kiitwacho mirosinesi. Punje ikivunjwa na maji yakaingia, viwili hivyo hukutana, na kimeng'enya huikata sinigrini na kuzaa mafuta mepesi yanayoruka hewani, yaitwayo alili isothiosianeti. Ni ulinzi wa mmea dhidi ya wadudu wanaotafuna: silaha haitengenezwi mpaka jino liguse. Mafuta hayo hayo ndiyo yanayoipa wasabi, kiungo kikali cha kijani cha Wajapani, na mronge-farasi wa Ulaya, ambao ni mzizi mkali, ule mpando wa puani, na kwa sababu hiyo wasabi nyingi ya bei rahisi huundwa kwa mzizi huo na haradali, ikatiwa rangi ya kijani.

Hapa ndipo haradali inapoachana na pilipili. Kapsaisini ya pilipili hairuki hewani na hushika kipokezi cha neva kiitwacho TRPV1, ambacho ni cha joto, basi ulimi huwaka na kuendelea kuwaka. Mvuke wa haradali hushika kipokezi kingine, TRPA1, na ukishapita umepita.

Niliandaa mabakuli mengine pembeni kwa unga ule ule. Moja lilipata maji yanayochemka. Kimeng'enya ni protini, na joto likipanda kupita nyuzi 60 au 70 za Selsiasi linakiharibu, kwa hiyo bakuli hilo lilibaki chungu, bila ukali wowote, na hata kesho yake lilikuwa vile vile. Jingine lilipata siki tangu mwanzo. Asidi hukizuia kimeng'enya kisifanye kazi kwa kasi, na ladha yake ikawa ya upole. La mwisho lilipata maji baridi, likasubiri dakika kumi, ndipo nikatia siki na chumvi. Hilo limeshinda. Siki iliyokuja baadaye haikuuzuia ukali kuzaliwa, ila ilizuia usipotee. Bakuli la maji matupu, lililokuwa kali kuliko yote jana, leo asubuhi limepooza kabisa.

Nimeandika kwenye ukurasa wa kwanza wa daftari kwa herufi kubwa: MAJI BARIDI, SUBIRI, KISHA SIKI.

Haradali nyeupe ilifanya mambo yake. Yenyewe ina sinalbini badala ya sinigrini, na kinachozaliwa hakiruki hewani. Ukali unabaki kwenye ulimi na midomo, mpana na wa upole, na pua haisikii kitu. Tena ni ukali unaovunjika haraka kwenye maji ukikosa asidi, kwa hiyo kwa nyeupe siki si hiari. Jambo jingine ni ute. Ganda lake likilowa hutoa utelezi mwingi, na huo ndio unaoufanya mchuzi wa saladi wa mafuta na siki ushikamane usitengane. Nimejaribu kijiko kidogo cha unga wake kwenye siki, nikamimina mafuta nikikoroga, na mchuzi umekaa kitu kimoja mpaka chakula kikaisha.

Machi, mwishoni: machipukizi

Onyo kwanza. Mbegu za kupanda mara nyingi zimepakwa dawa. Za kuotesha kwa ajili ya kula ziwe zile za chakula, zisizo na dawa.

Wengi huotesha mbegu ndani ya chupa, wakisuuza asubuhi na jioni. Kwa haradali nyeupe njia hiyo haifai, kwa sababu ule ute unazigandamanisha zikawa bonge moja la jeli na kuanza kuoza katikati. Ninatumia sinia bapa lenye kitambaa kilicholowa, mbegu zimetandazwa safu moja, maji ya kunyunyizia. Baada ya siku mbili tatu vimzizi vinaonekana. Baada ya wiki hivi kuna vijani viwili viwili vyenye umbo la moyo, na unakata kwa mkasi.

Haya huliwa mabichi, na sababu ni ile ile: ukiyapika kimeng'enya kinakufa. Meno ndiyo kinu chake. Juu ya mayai au viazi vilivyochemshwa yana kazi nzuri sana, kwa sababu ukali unakuja baada ya kutafuna mara mbili tatu, si kabla. Kwenye supu ya moto yanageuka kuwa nyasi tu, na sioni faida.

Aprili: majani

Nilizipanda kina cha sentimita moja hivi, nyembamba, lakini kwa punje ndogo namna hii wembamba ni maneno tu. Miche imeota imesongamana. Kupunguzia ndiyo mavuno ya kwanza, na yote imekwenda kwenye bakuli la saladi.

Wageni wa kwanza ni mbawakavu wadogo weusi wanaoruka ukiwasogelea. Wametoboa majani matundu madogo madogo, hasa kwenye miche michanga. Nimefunika tuta kwa chandarua chepesi na mimea imewazidi mbio. Majani yenye matundu yanapikika bila shida yoyote, na anayeyatupa anatupa mboga.

Jambo muhimu zaidi ni maji. Tuta lililokauka siku chache limetoa majani makali na yenye nyuzi, wakati lile lililomwagiliwa vizuri ni laini. Joto na siku ndefu nazo huusukuma mmea uharakishe maua, na ukishaanza kupandisha shina majani yanakuwa magumu na machungu. Dirisha la majani mazuri si refu.

Sasa jikoni. Jani lina vitu vile vile viwili vilivyotengwa, kwa hiyo kisu na moto, kipi kimetangulia, ndiyo swali lote.

Fungu la kwanza nililitia zima, bila kukata, kwenye maji yanayochemka yenye chumvi kwa dakika moja, kisha maji baridi, nikakamua, ndipo nikakatakata. Matokeo: kijani kilichokolea, uchungu mdogo, ukali karibu hakuna. Kimeng'enya kiliuawa kabla jani halijavunjwa, na sehemu ya glukosinoleti imeyeyukia majini. Fungu la pili nililikata nyembamba likiwa bichi, nikaliacha ubaoni dakika kumi, kisha nikalirusha kwenye kikaango cha moto mkali chenye kitunguu saumu, muda wa kuhesabu pumzi chache tu. Hilo lilikuwa na ukali wa wazi. Mwonjaji wangu mkuu, dada yangu, alilionja akasema, "Hii mboga ina hasira," akaongeza nyingine. Anayewapikia watoto atumie njia ya kwanza.

Njia ya tatu ni ya subira, na ndiyo ninayoipenda kuliko zote. Kule Punjab, mpakani mwa India na Pakistan, majani ya haradali hupikwa pamoja na mchicha na majani mengine ya upole, kwa moto mdogo, muda mrefu, mpaka yanalainika kabisa. Kisha husongwa kwa unga kidogo wa mahindi, na kuungwa kwa samli, tangawizi na kitunguu saumu. Huliwa na mkate wa mahindi. Ladha hapo si ya ukali tena. Uchungu umelainika na kuwa kina fulani ambacho mchicha peke yake hauna. Kusini mwa Marekani nako huyapika kwa muda mrefu pamoja na nyama ya nguruwe iliyokaushwa kwa moshi, na mchuzi unaobaki chini hunywewa au huchovywa mkate, haumwagwi. Wana haki. Nilionja maji ya mboga yangu na ladha nyingi imo humo.

Kisha kuna kuchachusha. Nepal hunyausha majani, huyaponda, huyashindilia kwenye chombo mpaka yachachuke, kisha huyaanika juani: hiyo ndiyo gundruk, mboga ya akiba. China wana aina ya haradali iliyofugwa ikawa na shina lililovimba mabonge mabonge, na kutoka Fuling hutoka achari mashuhuri ya shina hilo, iliyotiwa chumvi, ikakamuliwa, ikatiwa pilipili. Ipo hata aina iliyofugwa kwa ajili ya mzizi wake. Mmea mmoja, na kila watu wamevuta upande wao. Mimi nimefuata njia rahisi: majani yaliyonyauka nusu siku, chumvi gramu 25 kwa kilo, kukanda mpaka maji yatoke, kushindilia kwenye chupa majani yakae chini ya maji yake. Kwa siku mbili za mwanzo harufu ya chumbani ilikuwa ya haradali, kwa sababu kukanda ni kuvunja. Baadaye ikaingia chachu, na sasa ni tamu-chachu. Kwenye wali mkavu inatosha peke yake.

Kidokezo kimoja kabla sijafunga ukurasa huu. Brokoli na kabichi nazo zina mirosinesi, na kuchemsha kunaiua. Watafiti wameonyesha kwamba ukinyunyiza unga kidogo wa haradali juu ya brokoli iliyokwisha pikwa, kimeng'enya cha haradali kinaifanya kazi iliyokwama, na vile viambata vya salfa vinavyosifiwa kwa afya vinaundwa upya. Mimi nanyunyiza kwa ajili ya ladha, hayo mengine ni ziada.

Mei: vikonyo, maua, maganda mabichi

Tuta limegeuka njano. Ua lina petali nne zilizopangwa msalaba, alama ya ukoo mzima wa kabichi, na nyuki wamejaa kuanzia asubuhi.

Vikonyo vinavutwa kabla vitumba havijafunguka, urefu wa kiganja, vinavunjika vyenyewe mahali palipo laini. Dakika mbili kwenye kikaango na mafuta na chumvi. Hiki ndicho kipande kitamu kuliko vyote vya mmea huu na sijakiona sokoni, labda kwa sababu kinanyauka mara tu kinapokatwa. Maua yenyewe ni pambo lenye ladha: utamu wa chavua mwanzoni, ukali kidogo mwishoni.

Ganda bichi ndilo lililonishangaza. Likiwa bado jembamba na linakatika kwa sauti, lina ukali kupita jani, na unakuja haraka. Ila hapa aina mbili zimetengana. Ganda la haradali ya kahawia ni laini na linateleza mdomoni. La nyeupe limejaa vinyweleo vigumu na lina ncha bapa ndefu isiyo na mbegu, na kulitafuna ni adhabu. Basi ya kahawia peke yake imeingia kwenye siki, pamoja na chumvi na sukari kidogo. Nyeupe inaachwa iive.

Juni: kuvuna

Maganda ya chini yamekuwa ya njano-kahawia wakati ya juu bado yana ukijani. Hapo ndipo pa kukata. Ukisubiri yote yakauke, ya chini yatakuwa yamepasuka. Nakata alfajiri, umande ungalipo, kwa sababu ganda lenye unyevu halipasuki kwa kuguswa. Jua likishapanda, kila mguso ni mvua ya punje ardhini. Mashina yamefungwa mafungu, yakaingizwa vichwa chini kwenye foronya kuukuu, yakatundikwa penye hewa. Zilizodondoka zimedondokea ndani.

Kupura ni kuipiga foronya ukutani. Kupepeta ndiyo sanaa. Punje ni za mviringo kabisa, kwa hiyo nimegundua sinia lililoinamishwa kidogo linafanya kazi kuliko upepo: punje zinabingirika kwenda chini, makapi yanabaki.

Hatua ya kuchambua isirukwe, na sababu si usafi tu. Kuna gugu lenye miiba na maua ya njano, Argemone mexicana, ambalo mbegu zake ndogo nyeusi zinafanana na za haradali kwa ukaribu wa kutisha, na zina sumu. Mwaka 1998 mjini Delhi mafuta ya haradali yaliyochanganyika na ya argemone yalisababisha mlipuko wa ugonjwa wa kuvimba mwili. Watu wengi walilazwa na makumi wakafa. Kwa anayevuna bustani yake, tiba ni kulijua gugu hilo na kuling'oa kabla halijatoa mbegu. Kioo cha kukuzia nacho kinasaidia, maana mbegu ya argemone ina uso wenye vishimo vilivyo wazi zaidi.

Juni, mwishoni: punje kwenye mafuta

Sasa kuunga. Mafuta yapashwe moto vizuri, punje za kahawia zitiwe, na mfuniko uwe mkononi, kwa sababu unyevu ulio ndani ya kila punje unageuka mvuke na kuzirusha. Zinaanza moja moja, kisha zote kwa pamoja, kisha zinapungua. Zinapopungua ndipo pa kutia majani ya mchuzi, au kitunguu, au kumimina yote juu ya dengu zilizoiva. Ukisubiri zinyamaze kabisa zimeungua, na uchungu wa punje iliyoungua hauondoki kwa chochote.

Ladha hapa ni ya kokwa iliyokaangwa, tamu, bila ukali hata chembe. Aliyesoma ukurasa wa Machi ameshajua kwa nini: kimeng'enya kimeuawa na mafuta ya moto kabla punje haijavunjwa. Kwa hiyo anayelalamika kwamba punje za kukaanga hazina makali anadai kitu ambacho njia yenyewe imekifuta.

Bengali wanazitumia punje kwa namna mbili zinazopingana, na ndiyo maana nawaheshimu. Kwenye mchanganyiko wao wa mbegu tano (uwatu, habasoda, bizari nyembamba, shamari na haradali) punje hutiwa nzima kwenye mafuta, kwa utamu. Lakini kwa samaki husaga punje zilizolowekwa, pamoja na pilipili mbichi na chumvi, ukali ukazaliwa kwanza, ndipo wakampaka samaki na kumpika kwa mvuke ndani ya chombo kilichofunikwa. Moto unakuja wakati kazi ya kimeng'enya imekwisha, na mfuniko unauzuia mvuke usitoroke wote. Nilimfunika samaki wangu kwa jani la mgomba na kufungua mezani. Aliyekaa karibu zaidi alikohoa kwanza kabla ya kusifu.

Mafuta yenyewe ya haradali sikuyakamua. Punje zangu hazitoshi hata chupa ndogo. Niliyonunua ni ya kukamuliwa baridi, na yana harufu kali kwa sababu unyevu kidogo wakati wa kukamua umempa kimeng'enya nafasi. Desturi ya India ya kuyapasha mpaka yatoe moshi, kuyaacha yapoe kidogo, ndipo kupika, inaondoa ule mchomo. Kwenye achari, kinyume chake, mchomo huo ndio unaotakiwa. Suala la afya nalo lisifichwe: mafuta haya yana asidi ya erusiki, aina mojawapo ya asidi za mafuta, kwa wingi, na majaribio ya zamani kwa wanyama yaliyohusu moyo yaliwatia hofu wadhibiti. Mamlaka ya chakula ya Marekani hairuhusu yauzwe kama mafuta ya kupikia, ndiyo sababu chupa zake huko huandikwa ni za kupaka tu. Hofu hiyo hiyo ndiyo iliyowafanya Wakanada, miaka ya 1970, wazalishe aina mpya ya binamu yake isiyo na asidi hiyo nyingi, inayojulikana leo kama kanola. Kwangu mafuta ya haradali ni kiungo cha kijiko, si ya kukaangia kila siku.

Julai: chupa

Sehemu iliyobaki ni rojo, na nimeiweka mwisho makusudi.

Ya punje nzima ndiyo rahisi. Gramu 100 za punje, nyeupe theluthi mbili na kahawia theluthi moja. Mililita 160 za siki na maji nusu kwa nusu. Chumvi gramu 5. Zinalowekwa usiku kucha mpaka zinavimba na kuyanywa karibu yote, kisha nusu yake inasagwa na kurudishwa. Kwa kuwa siki imo tangu mwanzo, haiwi kali sana. Nyeupe inatoa ute wa kushika, kahawia inatoa sauti.

Ya laini ina kazi zaidi. Kwa mtindo wa Dijon, Ufaransa, hutumika punje za kahawia, zinasagwa zikiwa mbichi na majimaji, na maganda yanachujwa, ndiyo maana rangi yake ni ya malai ingawa punje ni ya kahawia. Zamani mji huo ulijijengea jina kwa kutumia maji ya zabibu mbichi badala ya siki, ambayo yana uchachu mwororo zaidi. Wengi hawajui kwamba jina hilo halifungwi na mahali. Haradali ya mtindo wa Dijon inaweza kutengenezwa popote, na punje za viwanda vya Ufaransa kwa miaka mingi zimetoka zaidi Kanada. Ukame ulipoipiga Kanada mwaka 2021, mwaka uliofuata rafu za Ufaransa zikawa tupu na wateja wakapimiwa chupa. Yenye kinga ya kijiografia ni nyingine, haradali ya Burgundy, ambayo lazima itumie punje za mkoa huo na divai yake nyeupe.

Mimi nimetumia maji baridi, nikasubiri, kisha siki na ndimu. Chekecheke la waya jembamba limekula jioni nzima. Makapi ya maganda sikuyatupa, yameingia kwenye mchuzi wa nyama kuutia uzito, na yanafanya kazi hiyo vizuri kuliko nilivyotarajia.

Neno kwa anayeonja siku ya kwanza: itakuwa chungu, na atafikiri imeharibika. Iachwe. Uchungu unashuka baada ya siku chache, chumvi inatulia, na kufikia wiki ya pili inakuwa kitu kingine. Ukali nao unapungua kadiri muda unavyopita, haraka zaidi kwenye joto, kwa hiyo ya punje nzima inakaa kabatini na ya laini inakaa kwenye friji. Kuoza si hofu kubwa. Asidi, chumvi na yale mafuta makali yote huwazuia bakteria na kuvu.

Kwenye mapishi ya moto, rojo hutiwa mwishoni, sufuria ikishaepuliwa. Ikichemka unabaki na uchachu na ute, basi. Isipokuwa kama ute ndio unaoutaka, kama kwenye mchuzi mzito, hapo chemsha bila kujali.

Agosti: hali ilivyo

Tuta limelimwa na mashina yamefukiwa. Punje za kahawia zilizobaki zimegawanywa: za kupanda, za kuunga, za kusaga. Nyeupe zimekwisha zote kwenye chupa. Msimu ujao nyeupe itaongezewa nafasi na kahawia itapunguziwa, kwa sababu ya kahawia inatosha kidogo na majani yake yalituzidi kula. Maganda mabichi kwenye siki yamekwisha kabla ya kitu kingine chochote, na hayo nitatengeneza mara tatu.

Chupa za kugawa ziko tayari. Kila moja nimeibandika karatasi yenye tarehe na neno HARADALI kwa maandishi makubwa, hata zile za mchuzi wa saladi ambazo hazina rangi wala harufu ya kuitambulisha. Ulaya imeiweka haradali kwenye orodha ya vyakula 14 vinavyosababisha mzio ambavyo lazima vitajwe kwa mlaji, na mtu mwenye mzio nayo anaweza kudhurika kwa kiasi kidogo sana. Chupa mbili za majirani ambao sijui wanakula nini nimezishikilia mpaka niwaulize.